Umekataa uhamisho, mshahara umesimama: namna ya kudai chako Tanzania Bara

Mwongozo huu ni wa mfanyakazi wa kampuni, hoteli, shule binafsi, shirika lisilo la kiserikali au kiwanda, ambaye amepewa barua ya uhamisho, akaikataa, kisha mwisho wa mwezi akaangalia akaunti akakuta kimya. Sheria inayotumika hapa ni Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004, pamoja na kanuni zake za mwaka 2007. Zanzibar ina sheria yake ya ajira, Na. 11 ya mwaka 2005, na watumishi wa umma wana njia yao ambayo nitaigusa mwishoni.

Jambo moja lishike kabla ya yote: swali la kama ulikuwa na haki ya kukataa uhamisho si swali lilelile na la kama unadai mshahara. Waajiri hupenda kuyafunga pamoja, na wafanyakazi wengi wanakubali kufungwa. Unaweza kuwa umekosea kukataa na bado ukawa unadai fedha. Unaweza pia kuwa na haki kabisa ya kukataa, halafu ukapoteza mshahara kwa sababu siku uliyokataa ulikwenda nyumbani ukakaa.

Hatua ya kwanza: soma mkataba kabla hujajibu

Barua ikifika, sahihi kuwa umeipokea, andika tarehe na saa, basi. Kuipokea si kuikubali. Kukataa kuipokea hakukusaidii chochote; kunampa mwajiri mashahidi wawili wa kusema umeidharau.

Kisha tafuta karatasi mbili: mkataba wa ajira na maelezo ya maandishi ya ajira yako. Sheria inamtaka mwajiri akupe maelezo hayo unapoanza kazi, na miongoni mwake yamo mahali ulipoajiriwa, maelezo ya kazi, kituo cha kazi, saa za kazi, na mshahara pamoja na namna unavyokokotolewa. Unachokitafuta ni sentensi kuhusu kituo. Ikisema "utafanya kazi Arusha au mahali pengine popote ambapo kampuni itakupangia", hoja ya kwamba hawezi kukuhamisha imepungua nguvu sana. Ikisema "Arusha" tu, una pa kusimamia, kwa sababu sheria inasema jambo lolote katika maelezo hayo likibadilika, mwajiri ayarekebishe kwa kushauriana na mfanyakazi na amjulishe kwa maandishi. Kushauriana, si kutangaziwa. Na kama huna mkataba wa maandishi, usikate tamaa: shauri likifika mbele ya mwamuzi, ni mwajiri anayetakiwa kuuleta mkataba au maelezo hayo, na akishindwa, mzigo wa kuthibitisha masharti ya ajira unamwangukia yeye.

Nisikudanganye lakini. Kwa kawaida uhamisho huchukuliwa kuwa ni mamlaka ya mwajiri ya kupanga kazi yake, na anayeukataa bila sababu nzito anasimama mahali pabaya. Kutopenda mji mpya si sababu nzito. Sababu zinazosikilizwa ni za aina nyingine: kituo kipya kinakushusha cheo au mshahara, unapelekwa kwenye kampuni nyingine kabisa, hata kama mmiliki ni yuleyule, ambapo mwajiri wako kisheria angebadilika bila ridhaa yako, una ugonjwa ulioandikwa na daktari unaohitaji kliniki ambayo huko haipo, umepewa siku tatu kuhama na familia bila nauli wala posho, au barua imekuja wiki moja baada ya wewe kulalamikia jambo fulani na kila mtu ofisini anajua kwa nini.

Kuhusu gharama za kuhama, watu wengi wa sekta binafsi hudhani zina kiwango kimoja kwa wote kama serikalini. Zako zinatoka kwenye mkataba, sera ya kampuni, au mkataba wa hali bora uliofungwa na chama cha wafanyakazi. Kwa hiyo soma hizo tatu. Na kama fedha ya kuhama imeshaingia kwenye akaunti kabla hujakataa, usiiguse. Andika kwamba uko tayari kuirejesha na uulize irudishwe vipi. Ukiitumia, umempa mwajiri deni halali dhidi yako, na madai yako ya mshahara yataanza kujadiliwa kwa kupunguziwa hilo.

Hatua ya pili: kataa kwa maandishi, na endelea kuripoti kazini

Hapa ndipo kesi nyingi hushinda au hufia, kwa hiyo nitakaa kidogo.

Mshahara ni malipo ya kazi iliyofanyika, au kazi ambayo mfanyakazi alikuwa tayari kuifanya akazuiwa. Mwamuzi atakapouliza "kuanzia tarehe ya uhamisho ulikuwa wapi?", jibu la "nilikuwa nyumbani nasubiri wanijibu" linakumaliza. Kanuni za Maadili Bora za mwaka 2007 zinataja kutokuwepo kazini kwa zaidi ya siku 5 za kazi, bila ruhusa wala sababu inayokubalika, kuwa miongoni mwa makosa yanayoweza kumwachisha mtu kazi. Mwajiri mjanja hatahangaika kukushtaki kwa kukataa uhamisho, ambako atalazimika kutetea uhamisho wenyewe. Atakushtaki kwa utoro, ambao unathibitishwa kwa daftari la mahudhurio peke yake.

Basi endelea kufika kituo cha zamani kila siku ya kazi, kwa saa zilezile. Sahihi daftari. Kama mnatumia mashine ya alama za vidole na umefutwa kwenye mfumo, mtumie msimamizi wako ujumbe asubuhi hiyohiyo: "Nimefika kazini saa 1:55 asubuhi, mashine imekataa alama yangu, naomba maelekezo." Ukizuiwa getini, usigombane na mlinzi, naye ana mwajiri wake. Muulize jina la aliyetoa amri, andika muda, tuma ujumbe kwa afisa rasilimali watu ukiwa bado hapo nje, na kama kuna mwenzako ameona, mkumbuke. Barua pepe au WhatsApp inatosha, mradi iwe na tarehe na isomeke bila matusi. Hifadhi nakala nje ya simu na barua pepe ya ofisi, maana siku ukifungiwa mfumo utafungiwa na ushahidi wako.

Ipo njia nyingine, na kwa mtu asiye na akiba mimi naiona bora kuliko kukataa moja kwa moja: nenda, lakini kwa kulalamika. Unaripoti kituo kipya, unaandika barua kwamba umetii bila kuathiri haki yako ya kupinga uhamisho huo, halafu unafungua malalamiko ukiwa ndani ya ajira na mshahara unaingia. Haifai kila mtu. Mgonjwa wa figo anayesafishwa damu mara kwa mara hawezi kuhamia wilaya isiyo na huduma hiyo ili tu awe na kesi nzuri. Lakini kama kinachokuzuia ni hasira, nenda.

Ukiamua kukataa, barua iwe fupi. Mfano:

"Rejea barua yako ya tarehe ___ inayonihamisha kutoka ___ kwenda ___. Nimeipokea tarehe ___. Kwa heshima, siwezi kuutekeleza uhamisho huu kwa sasa kwa sababu zifuatazo: ___ (nimeambatisha ___). Mkataba wangu unataja kituo cha kazi kuwa ___, na sikushirikishwa kabla ya mabadiliko haya. Naomba tukutane tujadili, na niko tayari kuzingatia ___ (tarehe ya mbele zaidi, kituo cha karibu, malipo ya gharama za kuhama). Wakati suala hili linashughulikiwa, naendelea kuripoti kazini ___ na niko tayari kufanya kazi zangu zote kama kawaida."

Sentensi ya mwisho ndiyo yenye thamani ya fedha. Usiifute hata ukibanwa na nafasi. Na ile ya "niko tayari kuzingatia" inaonyesha kwamba si mkaidi. Huko mbele, mtu aliyependekeza njia ya kati husikilizwa tofauti na aliyesema hapana akanyamaza.

Peleka nakala mbili, moja igongwe mhuri au isainiwe kuwa imepokelewa. Wakikataa kugonga, itume kwa barua pepe au kwa posta ya rejesta.

Hatua ya tatu: gawa madai yako kwenye mafungu

Mtu akiulizwa anadai nini, mara nyingi hujibu "haki zangu zote". Hakuna mwamuzi anayeweza kutoa tuzo ya haki zote. Chukua karatasi, gawa.

Fungu la kwanza ni mshahara wa siku ulizofanya kazi kabla ya mgogoro. Huu hauna mjadala. Hata ungekuwa umemtukana mkurugenzi, siku ulizofanya kazi zinalipwa. Pamoja nao weka muda wa ziada, kamisheni zilizokwisha kuiva, na makato yaliyofanywa bila msingi. Sheria inaruhusu makato yanayotokana na sheria, mkataba wa hali bora, amri ya mahakama au tuzo, au deni ambalo wewe mwenyewe umekubali kwa maandishi likatwe. Kwa hasara au uharibifu kuna masharti zaidi, na makato hayo hayaruhusiwi kuzidi robo ya mshahara. "Adhabu ya kukataa uhamisho" haimo katika orodha hiyo.

Fungu la pili ni mshahara wa kipindi cha mvutano, tangu tarehe uliyotakiwa kuripoti kituo kipya hadi leo au hadi ulipoachishwa. Hili ndilo linalopiganiwa, na linategemea ushahidi wa hatua ya pili. Kama mwajiri alikusimamisha kazi rasmi ili kupisha uchunguzi, fungu hili linakuwa jepesi zaidi: kanuni za 2007 zinamruhusu kusimamisha mfanyakazi mwenye tuhuma nzito, lakini kwa mshahara kamili. Barua inayosema "umesimamishwa bila malipo mpaka utakapokubali kwenda" ni zawadi kwako. Itunze.

Fungu la tatu ni la mwisho wa ajira, kama ajira imekwisha: likizo ambayo hukuchukua, notisi, kiinua mgongo, usafiri wa kurudi ulikoajiriwa, na cheti cha utumishi. Kwa anayelipwa kwa mwezi, notisi ni siku 28 kwa uchache, isipokuwa katika mwezi wa kwanza wa ajira ambapo ni siku 7.

Sasa hesabu. Jedwali la kwanza la sheria linatoa namna ya kupata mshahara wa siku: gawa mshahara wa mwezi kwa 4.333, kisha gawa kwa idadi ya siku unazofanya kazi kwa wiki. Tuseme mshahara wa msingi ni shilingi 780,000 na unafanya kazi siku 6 kwa wiki. 780,000 kwa 4.333 ni kama 180,000; ukigawa kwa 6 unapata karibu 30,000 kwa siku. Mwenzako wa mshahara huohuo anayefanya kazi siku 5 anapata karibu 36,000 kwa siku. Wahasibu wengine hugawa kwa 30 bila kuuliza, na hapo tayari umeshapunjwa.

Kwa mshahara huo wa 30,000 kwa siku, aliyefanya kazi siku 12 za mwezi kabla mshahara haujasimamishwa anadai 360,000 katika fungu la kwanza. Likizo ya mzunguko (miezi 12 ya kuhesabia likizo) ambao haujakamilika hukokotolewa kwa siku moja ya mshahara wa msingi kwa kila siku 13 ulizofanya kazi. Aliyefanya siku 130 tangu mzunguko uanze ana siku 10, yaani 300,000. Kiinua mgongo ni siku 7 za mshahara wa msingi kwa kila mwaka uliokamilika, mwisho miaka 10. Kwa miaka 6 ni 7 mara 30,000 mara 6, sawa na 1,260,000.

Hicho kiinua mgongo kina mtego unaohusu moja kwa moja watu waliokataa uhamisho. Hakilipwi kwa aliyeachishwa kihalali kwa utovu wa nidhamu. Na hakilipwi pia kwa mtu aliyeachishwa kwa sababu za kiuendeshaji, kwa mfano tawi linafungwa, akapewa nafasi nyingine na akaikataa bila sababu ya msingi. Kwa hiyo tawi la Tanga linapofungwa na kampuni ikakupa kazi ileile, kwa mshahara uleule, Muheza, fikiri mara mbili kabla ya kusema hapana huku ukihesabu kiinua mgongo cha miaka 9. Kama una sababu, iandike wakati huo, usiitunge baadaye mbele ya mwamuzi.

Usafiri nao husahaulika. Ukiachishwa kazi mahali ambapo siko ulikoajiriwa, mwajiri anatakiwa akusafirishe wewe na mizigo yako hadi ulikoajiriwa, au alipe gharama hizo, pamoja na fedha ya kujikimu kwa siku za kusubiri kati ya kuachishwa na kusafirishwa. Ndiyo maana mahali pa kuajiriwa panapotajwa kwenye maelezo ya ajira pana uzito. Mtu aliyeajiriwa Bukoba, akahamishiwa Dodoma, akakataa kwenda Lindi na kuachishwa Dodoma, anarudishwa Bukoba.

Angalia pia NSSF. Mshahara ukisimama, mchango nao husimama, na wakati mwingine ulikuwa umesimama kabla ya hapo huku makato yakiendelea kuonekana kwenye hati ya mshahara. Chukua taarifa ya michango ofisini kwao na uilinganishe mwezi kwa mwezi.

Hatua ya nne: dai kwa barua, kisha mtafute mtu wa pili

Andika barua ya madai yenye kiasi kwa kila fungu, taja tarehe ya kulipwa, mathalani siku 7, na ambatisha hesabu. Usitishe kwenda kwenye vyombo vya habari wala kuandika kwamba mkurugenzi ni mwizi. Utajikuta unajibu kosa jingine. Kama kuna tawi la chama cha wafanyakazi kazini, iwe TUICO, CHODAWU, TAMICO au kingine, mpe katibu nakala. Afisa Kazi wa mkoa naye anaweza kufika kazini kukagua kumbukumbu za mishahara na ana uwezo wa kumpa mwajiri amri ya kutekeleza sheria. Ni msaada mzuri hasa kwa fungu la kwanza, na kama mko wengi mliokatwa.

Ila siku za kupeleka mgogoro Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ambayo tutaifikia katika hatua ya sita, hazisimami kwa sababu unazungumza na Afisa Kazi, na hazisimami kwa sababu bosi amesema "tulia, tunalimaliza kifamilia". Hili ndilo linalowaangusha watu wenye madai mazuri.

Hatua ya tano: ukiitwa kujieleza au kikao cha nidhamu

Barua ya kujieleza ijibu ndani ya muda, kwa ukweli uleule ulioandika kwenye barua ya kukataa. Kwa kikao, unastahili kupewa muda wa kujiandaa usiopungua saa 48, kujua tuhuma, na kwenda na mwakilishi wa chama au mfanyakazi mwenzako. Nenda hata kama unaamini uamuzi umeshapitishwa. Ukisusa, kikao kitaendelea bila wewe na utapoteza nafasi ya kuingiza barua zako kwenye kumbukumbu.

Swali la kuwauliza wanakikao, kwa upole: amri iliyokataliwa ilikuwa halali na ya kuridhisha? Kosa la ukaidi husimama juu ya amri ya namna hiyo. Kama mkataba hauna kipengele cha kuhamishwa, kama gharama hazikulipwa, omba viandikwe kwenye muhtasari. Usisaini muhtasari usioufahamu. Na ukisaini, andika pembeni "nimeupokea, sikubaliani na yaliyomo". Uamuzi ukitoka, kanuni zinakupa siku 5 za kazi kukata rufaa ndani ya kampuni.

Kujiuzulu kwa hasira ni jambo la kuepuka kabisa katika hatua hii. Sheria inatambua kuwa mwajiri anaweza kuifanya ajira isivumilike hadi mtu akaondoka, na kuondoka huko kukahesabiwa kuwa ni kuachishwa. Lakini utaulizwa kama ulitumia kwanza njia za malalamiko zilizokuwepo, na barua ya mistari miwili ya "naacha kazi kwa sababu binafsi" haina pa kusimamia. Kama huna budi, taja sababu zote kwenye barua hiyo: miezi uliyokosa mshahara, barua ambazo hazikujibiwa, tarehe ulizozuiwa getini.

Hatua ya sita: CMA, na hesabu ya siku

Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ambayo kila mtu huiita CMA, ina ofisi mikoani na haitozi ada ya kufungua mgogoro. Mlango ni Fomu Na. 1.

Siku ni hizi. Mgogoro wa kuachishwa kazi ufunguliwe ndani ya siku 30 tangu tarehe ya kuachishwa au tarehe mwajiri alipotoa uamuzi wa mwisho. Migogoro mingine yote, ikiwemo ya mshahara kwa mtu ambaye bado yumo kazini, ndani ya siku 60 tangu ulipojitokeza. Kwa usalama hesabu siku 60 kuanzia mwisho wa mwezi wa kwanza ulipokosa mshahara, usihesabu kutoka mwezi wa mwisho. Ukichelewa unaweza kuomba kuongezewa muda kwa Fomu Na. 2, lakini utatakiwa kueleza sababu za kuchelewa, na "nilikuwa nafuatilia ofisini" ni maelezo dhaifu.

Kuijaza fomu kunataka utulivu. Chagua aina sahihi ya mgogoro. Kama bado ni mfanyakazi na hujalipwa, dai lako ni la mshahara. Usiweke alama ya kuachishwa kazi kwa sababu tu unahisi umeachishwa, kwani mwajiri atafika na barua ya kusema hajakuachisha na shauri litaonekana limefunguliwa kabla ya wakati. Sehemu ya B ni ya walioachishwa tu. Mwenye chini ya miezi 6 na mwajiri huyo halindwi na kifungu cha kuachishwa isivyo haki. Yeye adai kwa msingi wa kuvunjwa mkataba na mshahara usiolipwa. Na kila fungu uliloliandika kwenye karatasi yako liingie kwenye fomu kwa kiasi chake. Usipoandika usafiri wa kurudi Bukoba kwenye fomu, usitarajie mwamuzi akukumbukie miezi minne baadaye.

Nakala ya fomu mpelekee mwajiri kwanza, upate mhuri au sahihi ya kupokea, maana Tume itataka uthibitisho kwamba amepewa. Kama wamekataa kupokea, tumia posta ya rejesta na weka risiti.

Hatua ya saba: usuluhishi, uamuzi, na kulipwa

Kwanza ni usuluhishi, ambao kwa kawaida unatakiwa umalizike ndani ya siku 30. Msuluhishi hahukumu, anawasaidia mkubaliane. Usipofika, shauri lako linaweza kufutwa; mwajiri asipofika, linaweza kuamuliwa bila yeye. Yanayosemwa humo hayatumiki baadaye kama ushahidi, kwa hiyo hakuna ubaya kutaja kiasi unachoweza kukubali. Unaweza kwenda na afisa wa chama chako au wakili.

Ingia ukiwa na namba tatu kichwani: jumla ya madai, kiasi ambacho ni hakika (fungu la kwanza na likizo), na kiwango ambacho chini yake utaendelea hadi mwisho. Watu waliokataa uhamisho kwa sababu zisizo na nguvu sana, lakini walioendelea kuripoti kazini, mara nyingi hutoka salama zaidi hapa kuliko kwenye uamuzi. Mwajiri pia anahesabu: miezi ya shauri, gharama za wakili, na hatari ya kukutwa hakukushirikisha. Mkikubaliana, maandishi yataje kiasi, tarehe ya kulipa, nani anakata kodi, na cheti cha utumishi. Epuka neno "haraka iwezekanavyo", halina tarehe.

Msipokubaliana, shauri linakwenda kwa mwamuzi. Hapo ni viapo, mashahidi na vielelezo. Panga barua zako kwa tarehe, toa nakala za kutosha, chapa ujumbe wa simu ukionyesha namba na tarehe. Mlete yule mwenzako aliyekuona getini, akikubali. Wengi huogopa, na usimlaumu. Mwamuzi anatakiwa kutoa tuzo ndani ya siku 30 baada ya kumaliza kusikiliza. Asiyeridhika ana wiki 6 tangu apewe tuzo kuomba marejeo Mahakama Kuu.

Tuzo ina nguvu kama hukumu ya mahakama, lakini haiji na hundi. Mwajiri asipolipa, unaomba Mahakama Kuu itekeleze, na huko ndiko unakohitaji kujua benki wanayotumia, magari yao yamesajiliwa kwa jina gani, na jina kamili la kampuni lilivyo BRELA, wakala wa usajili wa kampuni. Jina lisipolingana na lililo kwenye Fomu Na. 1, utarudi nyuma hatua nyingi. Lilinganishe kabla hujafungua mgogoro, kwa sababu jina la kwenye bango la duka na jina la kwenye hati ya usajili mara nyingi havifanani.

Kwa mtumishi wa umma

Kama mwajiri wako ni serikali, halmashauri au taasisi ya umma, usianze CMA. Sheria ya Utumishi wa Umma inakutaka umalize kwanza njia za ndani ya utumishi: mwajiri, mamlaka ya nidhamu, kisha Tume ya Utumishi wa Umma. Waliofungua CMA moja kwa moja wameondolewa kwa sababu hiyo bila hata mshahara wao kuzungumzwa, na wakati wanarudi kwenye njia sahihi muda wa rufaa ulikuwa umepita. Madai ya posho ya uhamisho na ya malimbikizo ya mshahara yaandikie kila moja barua yake, kwa sababu huko hushughulikiwa na meza tofauti, na weka nakala yenye mhuri wa masijala kwa kila moja.